Tupeane uzoefu: kwenye filamu ya uzazi wako, tukio gani lisikose?

Binti Makindye

Habari zenu ndugu zangu. Sisi ni kikundi kidogo hapa Kampala, tunaandika filamu ya Kiswahili kuhusu mwanamke aliyejifungua mtoto wa kwanza na familia inayomzunguka. Siyo vichekesho wala mapigano. Ni chumba, kitanda, beseni, mama mzazi, mama mkwe, mume, wifi na jirani.

Nimekua nikitazama filamu kibandani, VJ akitutafsiria kwa Kiganda na kutuongezea na ya kwake. Nimeona wanawake wengi wakijifungua humo na mtindo ni ule ule: jasho, kelele, mtoto analia, baba anacheka, tukio limekwisha. Tukija kumwona tena mtoto, tayari anatembea. Tuliojifungua tunajua kwamba hapo katikati imekatwa filamu nzima, na hiyo iliyokatwa ndiyo tunayotaka kuiandika.

Kuna anayeuliza kwa nini Kiswahili. Kwa sababu Uganda zipo nyumba nyingi ambamo mume na mke hawana lugha nyingine ya kugombana na kupatana ila hii. Nenda kambi za askari na polisi, nenda Bombo, Arua, Busia, Mpondwe, Nakivale. Tangu baraza la mawaziri lilipokubali Julai 2022 kiwe lugha rasmi, nasikia habari za shule na vitabu tu. Mimi nakitaka kile cha chumbani.

Ombi langu: lete tukio moja. Nani alikuwepo, alisema nini, jikoni kulikuwa na nini. Tusitaje hospitali wala jina la mtu.

Naanza. Mama yangu alitoka Masaka kuja kunilea. Sisi tulipanga muzigo, chumba kimoja na pazia. Kwa Waganda mama wa mke na mkwewe wa kiume hawagusani, hawakai karibu, na kulala chini ya paa moja ndiyo kabisa haiwezekani. Basi mume wangu akahamia kwa rafiki yake wa steji ya boda. Kila jioni alikuja na maziwa, anasimama nje na kusema, "Nnyabo, maziwa haya hapa." Mama anajibu kutoka ndani, "Weka hapo, webale." Akishaondoka ndipo mlango unafunguliwa. Nilikuwa nalala nikisikiliza sauti ya mume wangu upande ule wa mbao, na mwili mzima unataka aingie anishike mkono. Na mama naye nilimhitaji. Chumba hakikututosha sote.

Umm Zahra, Bombo

Dada, tukio langu mimi ni siku ya arobaini na moja.

Kwetu Wanubi mzazi halali peke yake mpaka arobaini itimie. Mtoto wa kwanza nilimzalia kwa mama. Haboba wangu, yaani bibi yangu, alihamia chumbani kwangu na mkeka wake. Nilifungwa tumbo kwa kitambaa, nikakandwa kwa maji ya moto asubuhi na jioni, nikapakwa mafuta, chumba kikafukizwa udi. Uji, supu, kisra na mchuzi, halafu uji tena. Mtoto nililetewa akiwa ameshaogeshwa, namnyonyesha, anachukuliwa. Mume wangu alikuwa akija Jumapili kutoka Kawempe, anakaa sebuleni na wajomba zangu, nyama aliyoleta inapokelewa mlangoni. Anapewa mwanawe ambebe kidogo mbele ya watu, kisha anaambiwa mtoto anataka kulala.

Nilitunzwa kweli kweli. Haboba simsemi kwa baya, Mungu amrehemu. Ila arobaini ilipotimia watu wakala, wakaimba, nikapambwa, na kesho yake nikapakiwa kwenye teksi kurudi Kawempe. Asubuhi saa kumi na mbili mume akaenda kazini. Nikabaki na mtoto ambaye, wallahi, nilikuwa sijawahi kumwogesha kwa mikono yangu. Akalia. Nikambadilisha nguo, akalia. Nikampa titi, akalitema akalia. Muda wote ule wengine ndio waliokuwa wakijua anachotaka, mimi nilikuwa najua kunyonyesha tu. Nilikaa chini sakafuni nikalia naye mpaka jirani akagonga.

Kwenye filamu yenu ionyesheni ile nyumba iliyojaa wanawake, kisha chumba cha siku ya arobaini na moja. Msiweke muziki.

Na kwa walioajiriwa: Sheria ya Ajira ya 2006 inampa mzazi siku 60 za kazi kwa mshahara kamili. Za kazi. Mwajiri wangu alihesabu Jumapili na sikukuu zote, nikarudishwa ofisini maziwa yakinilowesha blauzi. Hesabuni wenyewe kwenye kalenda kabla hamjaondoka, muandike barua, mbaki na nakala.

Afande wa Unipoti

Mimi ni mwanamume, naomba nafasi.

Ni Mwacholi wa Kitgum, mke wangu ni Mgisu wa Mbale. Lugha ya nyumbani kwetu ni Kiswahili cha kambini na watoto wanakijua kutuzidi. Dada wa Bombo ametaja siku 60. Sheria hiyo hiyo inampa baba siku 4 za kazi, na mimi nilipata hizo nne. Mke wangu alijifungua kwa kupasuliwa. Siku zangu zote ziliishia kwenye korido za hospitali, mkononi karatasi za dawa za kwenda kununua nje. Tuliporudi kambini nilikuwa tayari nimepangiwa lindo la usiku.

Anayeijua unipoti anaelewa. Ni kijumba cha bati cha duara. Jua la saa nane ndani hapakaliki, na mwanamke mwenye kidonda huwezi kumwambia ashinde chini ya mwembe na mtoto mchanga. Nikitoka lindo sikulala. Nilichota maji nikayamwagia mabati, yakikauka namwaga tena, na mlangoni natundika gunia lililoloa. Mama mmoja wa mstari wetu, mke wa sajini, Mteso, aliniangalia siku hiyo mpaka akachoka. Akaja akanipokonya jagi. "Afande, maji hata mtoto anaweza kumwaga. Njoo ufundishwe kazi." Akanikalisha kwenye kigoda, akanionyesha namna ya kulaza shingo ya mtoto kwenye mkono, wapi maji yapite na wapi yasipite, na kwamba kitovu nisikipake kitu chochote, nikiache kikauke chenyewe.

Mama yangu alipofika kutoka Kitgum alinikuta nimekunja suruali, nimepiga magoti, namwogesha mtoto nje, mchana kweupe, maafande wanapita. Hakusema kitu mpaka usiku. Usiku akamwambia mke wangu, kwa Kiswahili chake cha kutafuta maneno, "Huyu, baba yake hakunishikia beseni hata siku moja."

Mke wangu aliniuliza kama ile ilikuwa sifa au lawama. Sikuwa na jibu. Mama ameshafariki na swali bado liko kwetu. Mwekeni mwigizaji aseme maneno hayo hayo, msimpe tabasamu wala hasira.

Kijana wa Kisenyi

Nauliza kibiashara, msinielewe vibaya. Watu wa kibandani wanalipia mapigano. Nani atatoa sente yake kumtazama mama ananyonyesha?

Afande wa Unipoti

Mimi nitatoa.

Binti Makindye

Kaka Kisenyi, swali lako ni halali na tumelijadili sana. Mwanamume akitoka kwenye filamu ya mapigano anarudi wapi? Kwenye chumba kama cha afande. Wengi wao hawajawahi kuona mtu mfano wao akihangaika na gunia lililoloa. Mimi naamini wakimwona watanyamaza watazame. Na VJ akitaka kuongeza yake, aongeze.

Nnalongo wa Kayunga

Nilizaa pacha, msichana akatangulia na mvulana akafuata, kwa hiyo Babirye na Kato, majina hayakuwa na mjadala. Sisi wazazi nasi tukapoteza ya kwetu siku hiyo hiyo, mimi Nnalongo, yeye Ssalongo, mpaka dukani.

Kilichokuwa na mjadala ni mila. Jajja (bibi) wa upande wa baba alitaka pacha wafanyiwe sherehe zao, ngoma na kucheza usiku kucha na zile nyimbo ambazo mchana hakuna anayethubutu kuziimba. Mume wangu ni mlokole. Mchungaji akasema hayo ni mambo ya mizimu, mkikubali mmewakabidhi watoto. Siku moja wakakutana sebuleni kwangu, jajja na kapu lake la majani, mchungaji na Biblia yake, kila mmoja anasema watoto watadhurika kama hatasikilizwa yeye.

Mimi niko chumbani. Mmoja ananyonya, wa pili yuko kitandani anapiga kelele mpaka amebadilika rangi, mshono unanivuta, na hakuna hata mmoja kati ya wale wanaowapigania watoto aliyeingia kumbeba mtoto. Ssenga wangu, yaani shangazi, alipita mlango wa nyuma. Akamchukua Kato, akamweka kifuani, akajifunga naye kwa leso. Akafunga mlango wa chumba kwa mguu. "Waache wamalize," akasema, "wewe lala na huyo mmoja."

Mwishowe sherehe ndogo ilifanyika kijijini, ya mchana. Mchungaji hakuja, jajja alinuna. Siwezi kuwasimulia vizuri kwa sababu sehemu kubwa nilikuwa nimelala kwenye mkeka nyuma ya nyumba, na ssenga ndiye aliyezuia watu wasiniamshe.

Mkunga, Wakiso

Nimesoma yote na naomba niseme kwa urefu, kwa sababu hili ndilo ninaloliona kazini na sitaki filamu ilikwepe.

Niliitwa nyumba moja. Nimebadilisha vitu kidogo asijulikane mtu. Mama alikuwa amejifungua salama, siku hazijapita wiki. Halali kabisa, usiku wala mchana. Anaongea na mtu aliyeko darini. Mtoto anamkataa, anasema siyo wake. Wanawake wa nyumba ile walikuwa wameshatoa jibu lao: amakiro, maradhi ya mama aliyejifungua. Mnaojua Kiganda mnajua anayelaumiwa kwa amakiro, kwamba kuna mtu alitoka nje ya ndoa wakati wa mimba. Kwa hiyo dawa za majani zilikuwa zinachemka, na mama mkwe amekaa ukingoni mwa kitanda anamwambia, "Mtaje. Mtaje upone."

Na mgonjwa, kwa kuwa ni mgonjwa, akataja. Jina la kwanza lililomjia, la mtu wa kijiji kile. Mume alikuwa amesimama mlangoni.

Nilimwambia yule mume: mkeo angekuwa na malaria kali akaweweseka, ungeyapeleka maneno yake mahakamani? Akanyamaza. Lakini gari alitafuta. Mke alitibiwa hospitali ya rufaa ya mkoa, kwenye kitengo cha akili, akarudi nyumbani kwake na kumlea mtoto wake. Ndoa ipo. Mama mkwe haji tena kwao. Lile jina halitajwi, na yule mtu aliyetajwa, ambaye hakufanya lolote, alihama.

Sasa nielezee kidogo. Kuna huzuni ya siku za mwanzo, machozi yasiyo na sababu, ambayo huwapata wengi na huisha yenyewe ndani ya wiki mbili. Kuna sonona ya uzazi, ambayo haiishi hivyo, inamkalia mtu wiki na miezi. Shirika la Afya Duniani linasema wanawake wapatao 13 kwa 100 hupata tatizo la afya ya akili baada ya kujifungua, hasa sonona, na katika nchi zinazoendelea ni karibu 20 kwa 100. Halafu kuna ile ya nyumba niliyowasimulia, kuchanganyikiwa kwenyewe, ambayo ni nadra, mama 1 au 2 kwa kila 1,000, na hiyo ni ya kukimbilia hospitali siku hiyo hiyo. Inatibika.

Kuna jambo linalonipa fahari ya ajabu. Vituo vingi duniani hutumia karatasi ya maswali 10 kumpima mzazi, maswali kuhusu siku 7 zilizopita, iliyotolewa Edinburgh mwaka 1987. Mmoja wa walioitunga, daktari Mwingereza John Cox, alifanya kazi Makerere miaka ya 1970 na alifanya utafiti wake kwa wajawazito wa Kasangati, hapa hapa Wakiso. Aliandika pia juu ya amakiro, mwaka 1979. Mama zetu na bibi zetu waliulizwa mambo ya aina hiyo kwa makini tangu wakati ule. Sisi wenyewe hatuwaulizi.

Utaratibu wetu unataka mzazi aonwe saa 6 baada ya kujifungua, siku ya 6, na wiki ya 6. Wiki ya 6 wanakuja, kwa sababu ni ya chanjo. Nendeni mkapige picha pale. Mstari wa kina mama kwenye benchi, mtoto anapimwa uzito, anachomwa sindano, anaandikwa kwenye kadi. Mama aliyembeba anasogea mbele, anasogea tena, anatoka. Hakuna aliyemwuliza analalaje. Hilo ndilo tukio langu.

Umm Zahra, Bombo

Mkunga, ile siku ya jirani kugonga mlango, kama angeniuliza "unalalaje" ningemwambia kila kitu. Aliniuliza kama nina unga wa kumwazima.

Baba Masika, Kasese

La kwangu ni fupi. Mimi Mnande, kwetu ni Kasindi upande wa Kongo, mke ni Mtoro wa Fort Portal. Binti yetu alizaliwa Mei 2020, wakati wa korona. Mpaka wa Mpondwe ulikuwa umefungwa kwa watu, malori ya mizigo tu yanapita. Mama yangu yuko upande wa pili, ng'ambo ya mto Lhubiriha, mwendo ambao siku za kawaida anautembea na kikapu kichwani. Mama mkwe Fort Portal naye hana gari la kumleta, na sisi wa wilaya za mpakani usafiri wa abiria ulichelewa kurudi. Ilipofika saa ya kujifungua angalau lile sharti la wajawazito kuomba kibali cha RDC, mwakilishi wa rais wilayani, lilikuwa limeshaondolewa Aprili. Ila kafyu ilianza saa moja jioni na uchungu haukujua hilo.

Kwa jina la kwetu hakukuwa na shida. Msichana wa kwanza ni Masika, mama alilitamka kwenye simu hata kabla sijamaliza sentensi. Empaako, lile jina la heshima la kwa kina mke wangu, ndiyo ilikuwa kazi. Utamaduni huo UNESCO iliuweka mwaka 2013 kwenye orodha ya yale yanayohitaji kulindwa haraka, na haki yake ni kwamba shangazi wa upande wa baba wanampokea mtoto, wanamkagua sura, anafanana na nani, kisha jina linatangazwa na watu wanakula ulezi na nyama iliyokaushwa kwa moshi. Upande wa baba ni sisi, na sisi hatuna empaako. Basi mama zake wadogo wakakaa Fort Portal mbele ya simu moja. Nimemshika mtoto mbele ya kioo, mtandao unakatika, mmoja anasema pua ya babu, mwingine anasema hebu mgeuze, wa tatu anasema hiyo picha imeganda. Wakabishana mpaka kifurushi kikaisha. Nikaweka kingine. Akawa Akiiki.

Mke wangu alicheka siku hiyo. Ilikuwa mara ya kwanza tangu ajifungue.

Jajja wa Walukuba

Wanangu, ninasomewa haya na mjukuu wangu na yeye ndiye anayeandika ninavyosema. Kila mnapomtaja mama mkwe nasikia mnamwogopa. Mimi ni huyo mama mkwe. Nipeni nafasi.

Mimi ni Mjopadhola wa Tororo, nikaolewa Jinja. Mume wangu alikuwa fundi Nytil, kiwanda cha nguo, tukakaa nyumba za wafanyakazi Walukuba. Mwanangu wa kwanza nilimzaa Aprili 1979. Nyinyi hamkuyaona yale. Chumvi, sukari, sabuni, vyote vilikuwa vya magendo, mwenye navyo anavificha. Mimi tangu mimba ndogo nilikuwa nimetunza nusu mche wa sabuni, nimeufunga kwenye kitambaa, uko chini ya godoro, hata mume wangu hajui.

Kampala ilipoanguka tarehe 11, askari wa Amin wakaanza kupita kwetu wakikimbilia mashariki, na kupita kwao kulikuwa kuingia majumbani. Nilijifungua nyumbani, taa imezimwa, jirani ndiye aliyenizalisha. Mume wangu alikuwa ametoka kutafuta chakula, akafungiwa njia, siku zile hakurudi. Jirani akaniuliza kwa kunong'ona, sabuni iko? Nikamwonyesha godoro. Tukaikata kwa uzi. Tukaitumia kidogo kidogo kuosha damu, kuosha mikono yake, kufua vile vitambaa. Ilikwisha kabla kitovu hakijadondoka. Nilikuwa nafua kwa majivu.

Tarehe 22 wakombozi wa Tanzania waliingia Jinja. Bakombozi, ndivyo tulivyowaita. Watu wako barabarani wanashangilia, mimi niko ndani sina nguvu. Kijana mmoja, mdogo tu, akaja mlangoni kuomba maji ya kunywa. Akasikia mtoto. Akasema, "Pole na uzazi, mama." Mpaka siku ile Kiswahili cha askari nilikijua kwa matusi na amri. Akanywa maji yake. Akatoa kwenye mkoba wake mche wa sabuni, mzima, akauweka dirishani, akaenda. Jina lake sikumuuliza.

Sasa mwanangu huyo alioa, mkewe akajifungua Kampala. Nilipanda basi na ulezi, kuku wawili, na miche ya sabuni. Niliipanga kabatini, na kila asubuhi naihesabu. Nikamwona mke wa mwanangu anafua nguo za mtoto, povu limefika kwenye viwiko, anamwaga lote, anaanza upya. Nikamwambia, "Unamwaga uzima wa mtoto." Alilia. Mwanangu akaniita nje, akasema mama, sabuni ipo dukani. Kesho yake nikapanda basi nikarudi Jinja.

Ile ya 1979 sikumwambia mke wa mwanangu. Mambo yale sisi hatuyasimulii hivi hivi, na aliyekuwepo hahitaji kusimuliwa. Ananiheshimu, anapika nikija, ananipokelea mzigo. Lakini hajawahi tena kuniachia mtoto nimwogeshe.

Binti Makindye

Jajja, shikamoo. Nimesoma nikasimama, nikarudi nikasoma tena.

Ndugu, nawaambia wazi tulipofika. Rasimu yetu ilikuwa na mama mkwe anayekuja, anakosoa, anaondoka, na watazamaji wanafurahi ameondoka. Sitaweza tena kuiacha hivyo. Tunataka jajja aingie na kapu lake, apange ile miche kabatini, kamera itulie kwenye mikono yake inavyohesabu, na mke asijue kwa nini. Mtazamaji ajue, mke asijue. Wenzangu wanasema lazima kuwe na tukio la kuelezana, waongee wayamalize. Mimi sina hakika. Jajja mwenyewe ameishi miaka yote hiyo bila tukio hilo na familia ipo.

Jajja, unaturuhusu kutumia habari ya sabuni? Hatutataja Walukuba ukikataa.

Jajja wa Walukuba

Tumieni. Na Walukuba itajeni, ni mahali pazuri.

Mkunga, Wakiso

Jajja, asante. Niongeze tu kwa waandishi: baada ya hadithi hii msimfanye daktari ndiye mwokozi wa filamu. Niliyoyataja yana mahali pake, mgonjwa apelekwe. Lakini wengi ninaowatembelea hawahitaji hospitali, wanahitaji ssenga wa Nnalongo anayefunga mlango kwa mguu.

Nnalongo wa Kayunga

Bado yupo, ana miaka 80 na kitu. Nitamsomea.

Afande wa Unipoti

Jajja, mjukuu anayekuandikia ni yupi? Wa huyo mwana wa 1979?

Jajja wa Walukuba

Hapa ni mimi mjukuu sasa, jajja anapumzika. Ndiyo, ni wa huyo huyo. Nguo zilizokuwa zinafuliwa kwa povu zilikuwa zangu. Nilikuwa sijui habari hii mpaka leo nilipokuwa naiandika, ilibidi niache mara mbili. Mama yangu yuko Kampala, naye hajui. Nimemwuliza jajja kama nimpigie, akasema "piga, simu si yako?"

Binti Makindye

Piga. Ukipata nafasi utuambie.

Jajja wa Walukuba

Ni mjukuu. Nimempigia mama, nimempa jajja simu. Wanaongea karibu nusu saa sasa. Wamemaliza mguu wa shangazi wa Tororo, wako kwenye bei ya ulezi. Kwenye sabuni hawajafika.